Wafulani na ng'ombe wao: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Habari za Wafulani hutufikia huku kwetu kwa njia mbili: picha ya kijana aliyejipaka rangi usoni na kutoa macho, au taarifa ya kijiji kilichochomwa usiku Nigeria ya kati. Maswali yafuatayo ni yale ambayo watu huuliza wakishaona kimojawapo.

Wafulani ni watu gani, na wanaishi wapi?

Ni mojawapo ya jamii kubwa Afrika, na hakuna jamii nyingi zilizotapakaa kama wao. Ukianzia Senegal na Mauritania kwenye Bahari ya Atlantiki utawakuta Guinea, Mali, Burkina Faso, Niger, Nigeria, Kamerun, Chad, Jamhuri ya Afrika ya Kati, mpaka Sudan. Makadirio ya idadi yao yanatofautiana sana, ila hutajwa kuwa zaidi ya milioni 25. Nchini Guinea wao ndio kabila kubwa kuliko yote. Karibu kila nchi nyingine ni wachache kati ya wenyeji wengi, na jambo hilo linaeleza mengi katika siasa zao.

Lugha yao ina ngeli kama Kiswahili, zaidi ya ishirini, isipokuwa alama ya ngeli hukaa mwishoni mwa neno badala ya mwanzoni. Ng'ombe, jua na moto wako ngeli moja.

Mbona wana majina mengi?

Wenyewe hujiita Fulbe, na mtu mmoja ni Pullo. Fulani ni jina la Wahausa, Peul ni la Wafaransa kutoka kwa Wawolof, Mbororo husikika Kamerun na Afrika ya Kati, Fellata husikika Sudan. Wodaabe, wale wa picha, ni tawi dogo tu lililoko hasa Niger na Chad.

Je, Wafulani wote ni wahamaji?

Hapana, tena wengi wao si wahamaji kabisa. Kuna Wafulani wa mjini ambao babu wa babu zao walikuwa masheikh, makadhi na watawala. Sheikh wa Kifulani Usman dan Fodio alianzisha jihadi yake katika Nigeria ya kaskazini ya leo mwaka 1804, na dola ya Sokoto iliyotokana nayo ikawa mojawapo ya dola kubwa Afrika ya karne ya 19. Kizazi cha watu hao leo ni masultani, wanasiasa, wahadhiri na wafanyabiashara, na wengi wao Nigeria ya kaskazini huongea Kihausa nyumbani.

Halafu kuna kundi kubwa la katikati: familia yenye nyumba ya kudumu na shamba la mtama au uwele, wazee na kina mama wakibaki, vijana wakitoka na mifugo kwa miezi kadhaa. Wanaohama na familia nzima mwaka mzima, bila shamba wala nyumba, ni wachache. Lakini hata yule karani wa Kano ambaye hajawahi kukamua ng'ombe bado anaweza kuwa na ng'ombe wake porini, wakichungwa na mtu mwingine. Hilo tutalirudia, maana ndiko mabadiliko makubwa yalikojificha.

Mwaka wa mfugaji unaendaje?

Sahel, ukanda mkavu ulio kusini mwa jangwa la Sahara, ina mvua ya msimu mmoja, miezi mitatu au minne. Mvua ikianza, ng'ombe husukumwa kaskazini, kuelekea ukingo wa jangwa. Mtu wa mbali hushangaa: kwa nini uondoke kusini kwenye mvua nyingi? Kwa sababu tatu. Kusini mazao yako shambani, na ng'ombe mmoja akiingia kwenye mtama ni kesi. Kusini kuna mbung'o, yaani ndorobo, wanaoleta nagana, ugonjwa unaoua ng'ombe. Na majani ya kaskazini, ingawa ni mafupi, yana virutubisho vingi zaidi, na ardhi yake ina chumvi ambayo ng'ombe anaihitaji. Mvua ikikatika na madimbwi yakikauka, safari inageuka kuelekea kusini, kwenye mito na mashamba yaliyokwisha kuvunwa.

Huku si kutangatanga. Kabla ya kuhamisha mifugo, mzee hutuma mtu atangulie kuangalia: majani yakoje, kisima kina maji kiasi gani, nani ameshafika, kuna ugonjwa? Zamani mtu huyo alikwenda kwa miguu au kwa farasi. Siku hizi anakwenda kwa pikipiki na kupiga simu.

Uamuzi mgumu ni siku ya kuondoka. Ukiwahi kushuka kusini, mavuno hayajaondolewa shambani na unaingia kwenye ugomvi. Ukichelewa, wenzako wameshamaliza mabua. Mfugaji hodari hupimwa hapo kuliko kwa wingi wa ng'ombe.

Wana ng'ombe wa aina gani?

Wengi ni wenye nundu. Bororo wekundu wenye pembe ndefu ni watembezi wakubwa na wana hofu na mgeni, kwa hiyo ni vigumu kuwaiba. Weupe, wanaoitwa Bunaji Nigeria, hutoa maziwa mengi kidogo na huvumilia zaidi majani makavu. Kwenye milima ya Fouta Djallon, Guinea, wapo N'Dama, wadogo, wasio na nundu, ambao nagana haiwasumbui sana. Ng'ombe hujulikana kwa jina lake, rangi yake na ukoo wa mama yake, na hufuata sauti ya mchungaji wake. Yeye hutangulia mbele na kundi humfuata.

Kambi yao ikoje?

Kwa Wodaabe, kitu cha kwanza kuonekana ni kamba. Inatandazwa chini, imefungwa kwenye vigingi, na ndama hufungwa humo kila jioni ili wasimalize maziwa usiku. Kamba hiyo ndiyo inayoigawa kambi. Magharibi yake ni upande wa wanaume na ng'ombe, mashariki ni upande wa wanawake: kitanda, moto wa kupikia, vibuyu vilivyopangwa juu ya meza ya miti. Hakuna ukuta wala ua, lakini kila mtu anajua mpaka uko wapi.

Wakati wa kukamua, ndama hufunguliwa anyonye kidogo mpaka maziwa yashuke, kisha hufungwa kwenye mguu wa mbele wa mama yake, na ng'ombe hutulia akimlamba. Kwa Wodaabe wakamuaji ni wanawake. Kuna jamii nyingine za Kifulani ambako kazi hiyo ni ya wanaume.

Maziwa ni ya nani?

Ng'ombe kwa kawaida ni wa mwanamume, lakini maziwa yakishaingia kwenye kibuyu yako mikononi mwa mke. Yeye ndiye anayegawa ya kunywa, ya kugandisha, ya kusukwa siagi na ya kuuzwa. Asubuhi utawaona njiani kuelekea sokoni, vibuyu vimepangwa kichwani, kifuniko kimesukwa kwa ukindu. Nigeria mteja anakaa kwenye benchi, anapewa mtindi uliopondewa madonge ya uwele, na anapimiwa kwa kata ndogo ya kibuyu. Fedha hiyo ni ya mama: ya nguo, chumvi, viungo, dawa ya mtoto, na ikibaki ananunua mbuzi wake.

Ndiyo maana kila hatua ya kisasa inayowalenga wanaume peke yao humgonga mwanamke kimyakimya. Ng'ombe wakipelekwa mbali zaidi, maziwa hayafiki sokoni. Na mjini anashindana na maziwa ya unga kutoka Ulaya, mengi yakiwa yametolewa mafuta yake na kuwekwa ya mawese, yanayouzwa kwa pakiti ndogo za bei ndogo. Viwanda vinavyokusanya maziwa ya wafugaji vipo, kwa mfano kaskazini mwa Senegal huko Richard-Toll, lakini tatizo ni lile lile kila mahali: kiangazi kikikolea maziwa hukauka, na kiwanda hakiwezi kusubiri mvua.

Pulaaku ni kitu gani?

Ni mwenendo unaotarajiwa kwa Mfulani. Nguzo zake hutajwa kuwa subira, haya, na busara ya kufikiri kabla ya kutenda. Mtu mwenye pulaaku halii hadharani, hali mbele ya wakwe zake, haonyeshi njaa, na hamtaji kwa jina mtoto wake wa kwanza mbele za watu. Msomaji aliyelelewa Pwani ataona anaelezwa habari za mtu muungwana, na hatakuwa amekosea sana.

Mtu akifilisika ng'ombe anafanyaje?

Hapa pana desturi moja ambayo kwangu ina uzito kuliko ngoma zote: habbanaayi. Ndugu au rafiki anakuazima mtamba. Unamtunza, anazaa, ndama ni wako. Anazaa tena, wako. Kwa kawaida baada ya uzao wa pili au wa tatu ndipo mama mwenyewe anarudishwa kwa aliyemtoa. Maziwa ya muda wote huo umekunywa. Mwenye kutoa naye anapata faida yake, kwa kuwa ng'ombe wake wametawanyika sehemu mbalimbali: ugonjwa au ukame ukilipiga kundi lake, hawafi wote. Na siku akipungukiwa, anajua pa kwenda.

Baada ya ukame mkubwa wa 1972–73 na ule wa 1984, baadhi ya mashirika ya misaada Niger yalianza kuiga utaratibu huu: familia inapewa mifugo, ikizaliana inapitisha idadi ile ile kwa familia nyingine.

Gerewol ni mashindano ya urembo?

Ndiyo, ila wanaoshindanishwa ni wanaume na majaji ni wasichana. Mvua inapokwisha na koo kukutana, vijana wa Kiwodaabe hupaka uso rangi nyekundu au ya njano, huchora mstari mweupe juu ya pua ili ionekane ndefu, hutia wanja midomoni ili meno yang'ae, kisha husimama safu moja bega kwa bega wakiimba, wakiinuka kwa vidole vya miguu na kuzungusha macho. Inaweza kuchukua siku saba, jua kali, usiku na mchana. Kwa hiyo ni mtihani wa uvumilivu kama ulivyo wa sura.

Jambo ambalo picha hazisemi ni kwamba Gerewol ni mkutano kati ya matawi mawili makubwa, Degereeji na Alijam, na moja ya hatari zake inayokubalika ni kuondokewa na mke. Wodaabe wana ndoa ya aina mbili: ile ya kupangwa na wazazi ndani ya ukoo tangu utotoni, na ile ya mapenzi, ambapo mwanamke anaondoka na mwanamume wa tawi lingine. Mume aliyeachwa hufundishwa kuvumilia. Watalii hupiga picha ya rangi. Wazee wako pembeni wakihesabu nani ameondoka na nani.

Wakati huo huo, kwa kawaida mwezi wa Septemba, Watuareg na Wodaabe hukutana Ingall, Niger ya kaskazini, kunywesha mifugo maji yenye chumvi. Serikali siku hizi hutumia nafasi hiyo kuchanja mifugo na kuhutubia.

Na kule kuchapana viboko?

Hiyo ni sharo, ya baadhi ya Wafulani wa Nigeria, hasa tawi la Jafun. Kijana husimama kifua wazi, mwenzake humchapa fimbo kwa nguvu zote, naye hucheka au kuimba. Akikunja uso ameaibika. Leo familia nyingi zimeiacha, na wanazuoni wengi wa Kiislamu wanaipinga.

Wanakunywa damu kama Wamaasai?

Hapana. Ni Waislamu.

Nimesikia kuhusu siku ya kuvusha ng'ombe mtoni. Ni ipi?

Ni Diafarabé, Mali, katika delta ya ndani ya mto Niger. Huko mwaka unakwenda tofauti: mto ukifurika ng'ombe hutoka deltani kwenda Sahel, maji yakipungua hurudi kula burgu, nyasi ya majini inayobaki mbichi wakati kwingine kote kumekauka. Kundi linavuka kwa kuogelea, wachungaji wakiwa majini pamoja nalo, na ng'ambo ya pili wanasubiri wazazi, wake na wachumba ambao hawajawaona kwa miezi. Kundi lililonenepa kuliko mengine hupewa tuzo, na mwenye ng'ombe waliokonda hataulizwa kwa upole. UNESCO iliitambua sherehe hii, yaaral na degal, mwaka 2005.

Nyuma ya sherehe kuna sheria. Kiongozi wa dini Sékou Amadou alipoanzisha dola ya Macina huko deltani mwaka 1818, utawala wake uliandika utaratibu wa malisho yote ya delta: njia za mifugo, nani avuke siku gani, zamu ya kila kundi kuingia kwenye burgu, na msimamizi wa kila eneo, jowro. Dola ilianguka mwaka 1862, lakini utaratibu uliendelea kufuatwa. Baadaye serikali ilisema ardhi ni yake, majowro wakaendelea kutoza ada, ada ikapanda, na burgu nyingi ikalimwa mpunga. Mchungaji wa kawaida akajikuta analipa watu wawili kwa malisho yanayopungua. Kundi la kijihadi la mhubiri Amadou Koufa lilipojitokeza mwaka 2015 likihubiri dhidi ya ada hizo, lilipata wasikilizaji kwa urahisi.

Kumbe wakulima na wafugaji walipatana zamani?

Walipatana kwa sababu walihitajiana. Baada ya mavuno mkulima humwita mfugaji alete ng'ombe walale shambani: ng'ombe wanakula mabua, shamba linapata samadi, na mfugaji huondoka na magunia ya nafaka au fedha. Urafiki wa namna hiyo ulirithiwa baba hadi mwana. Kulikuwa pia na utani. Wafulani na Wakanuri hutaniana hadi leo kama Wasukuma na Wazaramo, na aliyetaniwa haruhusiwi kukasirika.

Ugomvi nao ulikuwepo, tusijidanganye. Kilichobadilika ni hesabu. Nigeria ilikuwa na watu milioni 45 hivi mwaka 1960. Leo imepita milioni 200. Mabonde oevu, ambayo yalikuwa akiba ya malisho ya kiangazi, yamewekewa pampu na kulimwa nyanya na vitunguu wakati ule ule ng'ombe wanapoyahitaji. Mabua yanauzwa. Mkulima amenunua ng'ombe wake mwenyewe, na mbolea ya dukani imepunguza haja ya samadi. Njia za mifugo zimelimwa, na nyingi ya hifadhi za malisho zilizopangwa chini ya sheria ya Nigeria ya kaskazini ya mwaka 1965 hazikupimwa wala kulindwa. Ongeza bunduki za bei rahisi.

Matokeo tunayasikia. Januari 2018 jimbo la Benue lilizika watu 73 kwa siku moja baada ya mashambulizi yaliyohusishwa na wachungaji. Machi 2019, huko Ogossagou, Mali, Wafulani wapatao 160 waliuawa kijijini mwao, watoto wakiwemo.

Basi ni vita vya dini?

Dini ipo, kwa kuwa Nigeria ya kati mfugaji mara nyingi ni Mwislamu na mkulima ni Mkristo. Lakini katika majimbo ya Zamfara na Katsina, kaskazini-magharibi mwa Nigeria, pande zote ni Waislamu na damu inamwagika vile vile. Kule ng'ombe wa Wafulani waliibwa kwa maelfu, baadhi ya vijana waliofilisika wakaingia kwenye magenge hayo hayo ya wizi na utekaji, na mfugaji wa kawaida sasa anaogopa jambazi porini, mgambo barabarani na askari kwenye kizuizi. Anayesema Wafulani ni wauaji, na anayesema ni wahanga tu, wote wawili hawajafika.

Kwa nini wasitulie tu kwenye ranchi?

Swali hili hata Tanzania na Kenya tunaulizana. Jibu fupi ni kwamba ranchi inahitaji majani ya kutosha mahali pamoja mwaka mzima, na Sahel haina. Mvua inanyesha hapa mwaka huu, mwakani inanyesha kule. Anayehama anapata ng'ombe wenye afya na maziwa mengi kuliko aliyefungwa mahali. Nchi kadhaa zimelikubali hilo kisheria: Mauritania mwaka 2000, Mali 2001, Niger 2010. Nchi za ECOWAS, jumuiya ya Afrika Magharibi, zilikubaliana mwaka 1998 kwamba mifugo inaweza kuvuka mipaka ikiwa na cheti kinachoonyesha idadi, chanjo na njia itakayopita.

Ila siasa za karibuni zinavuta upande mwingine. Benue ilipiga marufuku uchungaji wa wazi mwaka 2017, magavana wa kusini mwa Nigeria wakaunga mkono wazo hilo mwaka 2021, na Benin ilizuia mifugo ya kigeni mwishoni mwa 2019. Mwaka 2024 Nigeria ilianzisha wizara ya mifugo. Kwa maoni yangu ranchi itawafaa wenye mtaji karibu na miji mikubwa. Mchungaji mwenye ng'ombe kumi na tano haitamfikia, isipokuwa kama mwajiriwa.

Kwani wafugaji wenyewe wamebadilika vipi?

Hapa ndipo nilipoahidi kurudi. Ng'ombe wapo wengi tu. Aliyebadilika ni mwenye ng'ombe. Ukame wa 1972–73 na 1984 ulilazimisha familia kuuza ng'ombe waliokonda kwa bei ya kutupa, na wanunuzi walikuwa wafanyabiashara, wakulima waliouza pamba, na watumishi wa serikali. Mvua iliporudi, mtu aliyekuwa na ng'ombe mia alibaki na kumi, na ng'ombe wa tajiri wakahitaji mchungaji. Leo Wafulani wengi wanachunga kwa mshahara, kwa maziwa, au kwa ahadi ya mtamba mwisho wa mwaka. Mwenye mali aliye mjini anataka wanenepe na wauzwe. Habari za maziwa ya mama hazimhusu.

Wengine wamehamia kwenye kondoo na mbuzi, ambao hurudi upesi baada ya ukame. Wengine ni walinzi wa usiku mijini, waendesha pikipiki za abiria, wauza dawa za asili. Wanawake wa Kiwodaabe husuka nywele na kuuza dawa mpaka miji ya mbali, kisha hurudi mvua ikinyesha. Waliobaki na mifugo hutumia simu kuuliza bei ya mnadani, na Mali tangu 2017 kuna huduma ya kupiga simu na kuelezwa, kwa picha za setilaiti, wapi kuna majani na maji. Wazee huipokea taarifa hiyo, halafu bado wanamtuma mtu akaangalie.

Watoto wanasoma?

Wachache, na chuo cha Kurani mara nyingi hutangulia shule. Nigeria ilianzisha tume ya elimu ya wahamaji mwaka 1989, pamoja na masomo ya redioni. Shule za kuhama hukwama kwa walimu, ambao wengi hawataki kuishi porini.

Habari njema ilitoka kwingine. Mwishoni mwa miaka ya 1980, huko Guinea, ndugu wawili vijana, Ibrahima na Abdoulaye Barry, walibuni alfabeti ya lugha yao wakiwa bado wavulana. Inaitwa Adlam, imo katika viwango vya kompyuta tangu 2016, na leo watu huandikiana kwayo kwenye simu.

Wamefika upande wetu?

Wameukaribia. Sudan wapo tangu zamani, wengi wakiwa uzao wa mahujaji waliopumzika njiani. Mji wa Maiurno kwenye Nili ya Buluu ulianzishwa na watu wa Sokoto waliokimbia Waingereza baada ya kushindwa mwaka 1903. Nchini Jamhuri ya Kidemokrasia ya Congo, wafugaji wa Mbororo waliingia eneo la Uele, kaskazini mwa nchi, mwanzoni mwa miaka ya 2000 wakitokea Chad, Sudan na Jamhuri ya Afrika ya Kati, na wengi zaidi walikimbia vita vya 2013 vya Jamhuri ya Afrika ya Kati. Wenyeji ni wakulima, hawana mazoea ya makundi makubwa ya ng'ombe, na ng'ombe wanaingia mihogoni. Machifu wengine hupokea ada na kuwapa ruhusa, wabunge hudai wafukuzwe, jeshi limewahi kuwasukuma warudi mpakani, nao wakarudi tena, kwa sababu majani ya Uele ni marefu na huko walikotoka kuna bunduki.